Umenyimwa nafasi katika chuo cha walimu: rufaa ya chuoni, Ombudsman au Mahakama Kuu?

Barua ya kuitwa chuoni haikuja, au ilikuja kisha ikafutwa, na mwenzako mwenye alama ileile ya KCSE (mtihani wa kumaliza sekondari) tayari ananunua godoro na sanduku. Wengi hapo husema "nitawashtaki." Haki ya kushtaki ipo, na Katiba ya 2010 imeipa nguvu ambayo haikuwa nayo zamani. Lakini Kenya ina njia tatu za kupinga uamuzi wa namna hii, na kila moja inatoa kitu chake. Ya kwanza inaweza kukurudishia nafasi mapema. Ya pili inaweza kuibana ofisi iseme ilichofanya na kwa nini. Ya tatu inaweza kuufuta uamuzi wenyewe, ila kwa gharama na kwa kungoja. Mimi nashauri uchague kwa kuangalia mambo mawili: unataka kupewa nini mwishoni, na masomo yanaanza lini. Uchungu ulio nao, hata ukiwa wa haki kabisa, haukuonyeshi njia ya kufuata.

Uamuzi ulitoka kwa nani?

Hapa ndipo watu hupotea mapema. Katika vyuo vya umma vya walimu wa shule za msingi, kama Thogoto, Shanzu au Asumbi, kazi ya kugawa nafasi ilipelekwa kwa KUCCPS, shirika la serikali linalogawa wanafunzi vyuoni, kuanzia 2023. Alama za chini zinazohitajika hazitungwi na mkuu wa chuo. Zinatoka juu, wizarani na kwa mashirika yanayosimamia viwango, na zimezua mvutano zaidi ya mara moja tangu cheti cha zamani cha ualimu wa msingi, P1, kilipoanza kuondolewa na stashahada ya ualimu kuchukua nafasi yake 2021.

Kwa hiyo mtu anaposema "nimenyimwa nafasi" anaweza kuwa anazungumzia mambo matatu tofauti. Huenda kanuni yenyewe inamfungia nje, kwa mfano alama ya somo fulani. Huenda kanuni inamruhusu, lakini mfumo wa ugawaji haukumpa nafasi. Au alipewa nafasi, akafika siku ya kuripoti na barua yake, na ofisi ya usajili ikamrudisha kwa sababu ya stakabadhi, jina lisilolingana, umri, ujauzito au jambo lingine. La kwanza linamhusu aliyetunga kanuni, la pili linamhusu aliyegawa, na la tatu ni la chuo. Ukimwandikia mkuu wa chuo kulalamikia uamuzi wa KUCCPS, atakujibu kwa heshima kwamba hahusiki, nawe utakuwa umepoteza wiki mbili ambazo huna.

Kabla ya njia yoyote, pata sababu kwa maandishi

Sijui hatua yenye thamani kubwa kuliko hii na inayorukwa na watu wengi kuliko hii. Kifungu cha 47 cha Katiba kinampa haki ya kuelezwa sababu kwa maandishi kila mtu ambaye haki yake imeathiriwa, au inaelekea kuathiriwa, na uamuzi wa kiutawala. Sheria iliyotungwa 2015 kutekeleza kifungu hicho, ile ya utendaji wa haki katika utawala, imeongeza meno: ofisi ikiombwa sababu na isizitoe, uamuzi wake utachukuliwa kuwa ulifanywa bila sababu ya kutosha, mpaka ithibitishe vinginevyo. Kunyamaza kwao kunageuka kuwa ushahidi wako.

Kasoro iko kwenye muda. Sheria hiyo inaipa ofisi hadi miezi mitatu kujibu, na miezi mitatu ni karibu muhula mzima. Ndiyo sababu naona ni busara kuambatanisha ombi la pili chini ya Sheria ya Upatikanaji wa Habari ya 2016. Hiyo inataka jibu ndani ya siku 21, na ofisi inaweza kuongeza siku 14 mara moja tu. Ombi lako waweza kuliandika kwa Kiswahili, maana sheria inataja Kiswahili na Kiingereza waziwazi, na kuliwasilisha hakuna ada.

Barua yenyewe isiwe ndefu. Inatosha kuandika hivi:

"Mimi ni mwombaji wa nafasi ya stashahada ya ualimu wa msingi. Nambari yangu ya mtihani wa KCSE na mwaka vimeandikwa hapo juu. Tarehe fulani nilijulishwa kwamba sikupewa nafasi. Chini ya Kifungu cha 47 cha Katiba naomba sababu za uamuzi huo kwa maandishi. Chini ya Kifungu cha 35 cha Katiba na Sheria ya Upatikanaji wa Habari ya 2016 naomba vigezo vilivyotumika kuwachagua waombaji wa chuo hiki katika usajili huu, alama ya mtu wa mwisho kupewa nafasi bila kutajwa jina lake, na nakala ya kumbukumbu zozote zinazonihusu mimi."

Ona kwamba hakuna matusi wala kitisho cha wakili. Mbali na sababu, umeomba vitu vitatu vinavyoweza kupatikana kwenye faili. Ombi la alama ya mtu wa mwisho ndilo zito zaidi, kwa sababu jibu lake litakuonyesha kama una kesi au una uchungu tu. Peleka barua kwa mkono, ugongewe muhuri wa kupokelewa kwenye nakala yako, kisha uitume pia kwa barua pepe. Muhuri ule wa siku ulipokelewa ndio utakaohesabia siku zote zinazofuata.

Njia ya kwanza: rufaa ya ndani

Rufaa ya ndani ni kumrudia aliyeamua, au aliye juu yake katika taasisi hiyohiyo. KUCCPS ina taratibu zake za kurekebisha machaguo na kuomba uhamisho baina ya taasisi. Chuo nacho kina mkuu wake na bodi inayokisimamia. Na ikiwa jambo lilipita mikononi mwa Bodi ya Elimu ya Kaunti, Sheria ya Elimu ya Msingi ya 2013 imeweka baraza maalumu la kusikiza rufaa dhidi ya maamuzi ya bodi hizo.

Watu huidharau njia hii kwa kuwa inaonekana kama kumlalamikia mwizi kuhusu wizi wake. Mimi nadhani ndiyo njia bora kwa makosa ya stakabadhi. Jina kwenye cheti cha kuzaliwa lina herufi moja zaidi ya lile la KCSE. Alama ya Kiswahili imeingizwa kimakosa. Cheti cha ulemavu hakikuambatanishwa. Hakuna jaji anayehitajika hapo. Anahitajika karani mwenye faili na mkubwa wake mwenye kalamu, na hati ya kiapo ya jina inaweza kumaliza jambo ndani ya siku chache.

Tena si hiari. Sheria ya 2015, katika kifungu cha 9, inamkataza jaji kusikiza ombi la mapitio, yaani la kuitaka korti iukague uamuzi wa ofisi, kabla ya njia za ndani za rufaa kumalizwa. Mahakama ya Rufaa ilikuwa imesema jambo hilohilo tangu 1992 katika kesi iliyomhusu Spika wa Bunge: pale sheria inapoweka utaratibu mahususi wa kutatua lalamiko, utaratibu huo ufuatwe kwanza. Kesi nyingi za wanafunzi hufia hapa, katika pingamizi la awali, kabla neno moja kuhusu haki yao halijasikizwa. Jaji anaweza kukusamehe kupita njia ya ndani ikiwa kuna hali ya kipekee, lakini lazima uombe msamaha huo na uueleze. Kwamba masomo yanaanza Jumatatu na rufaa ya ndani itasikizwa mwezi ujao ni hoja nzuri ya kuombea. Kwamba huwaamini hao watu si hoja.

Udhaifu wake uko wazi. Anayehukumu ni yuleyule au rafiki yake. Hana amri ya kumzuia mtu asichukue nafasi yako wakati unangoja. Na kama shida ni kanuni yenyewe, hakuna mkuu wa chuo mwenye mamlaka ya kuibadilisha. Kumwandikia ni kumtwika asichoweza.

Njia ya pili: Tume ya Haki ya Utawala

Tume hii, ambayo wengi wanaijua kama ofisi ya Ombudsman, iliundwa kwa sheria ya 2011. Kazi yake ni kuchunguza ofisi za umma zinazochelewesha, zinazotumia vibaya mamlaka, zinazowatendea watu isivyo haki. Huduma ni ya bure, huhitaji wakili, na lalamiko waweza kulitoa hata kwa mdomo likaandikwa na ofisa.

Ukiiweka Tume kando ya rufaa ya ndani, inashinda kwa jambo moja kubwa: anayeuliza maswali si wewe tena. Barua ya mwombaji wa miaka kumi na tisa inaweza kukaa kwenye trei mwezi mzima. Barua ya Tume inapewa mtu wa kuijibu. Kwa mtu aliyenyimwa majibu, hii ni nguvu halisi.

Ukiiweka kando ya Mahakama, inapungukiwa. Katika malalamiko ya kawaida ya utawala, Tume hutoa mapendekezo, na mahakama zetu zimekwisha kueleza kwamba mapendekezo hayo hayafungi kama hukumu. Chuo chenye kiburi kinaweza kuyaweka kabatini. Lakini kuna upande wa Tume ambao watu hawaujui vya kutosha. Chini ya Sheria ya Upatikanaji wa Habari, Tume hiyohiyo inaweza kutoa *amri*. Ukinyimwa habari ulizoomba, una siku 30 za kuiomba Tume ipitie kunyimwa huko, na amri yake inaweza kutekelezwa kama amri ya Mahakama Kuu. Kwa maneno mengine, Tume haiwezi kukupa nafasi chuoni kwa nguvu, lakini inaweza kukupa kwa nguvu ile orodha ya vigezo na alama itakayokushindia nafasi mahali pengine. Mimi ningeitumia zaidi kwa hilo.

Kuna mipaka miwili ya kukumbuka. Ukishafungua kesi kortini, Tume haitachunguza jambo hilo tena, kwa hiyo mpangilio ni Tume kwanza, korti baadaye. Na Tume inashughulika na ofisi za umma. Chuo cha walimu cha kibinafsi kilichokutoza ada ya maombi kisha kikakukataa bila neno si windo lake la kawaida.

Kwa ubaguzi wa jinsia, ulemavu au kabila, ipo pia Tume ya Kitaifa ya Jinsia na Usawa. Na ukiambiwa nafasi ipo ila "utoe kitu kidogo", hilo si suala la rufaa tena. Ni la EACC, tume ya kupambana na ufisadi, na ulipeleke kabla hujatoa chochote.

Njia ya tatu: Mahakama Kuu

Huku kuna milango miwili, na mawakili wenyewe hubishana uingie upi.

Mlango wa zamani ni mapitio ya mahakama chini ya Sheria ya Marekebisho ya Sheria na Agizo la 53 la Kanuni za Kesi za Madai. Unaomba amri tatu zinazojulikana: ya kufuta uamuzi, ya kuzuia, na ya kulazimisha. Amri ya kufuta lazima iombwe ndani ya miezi sita tangu uamuzi ulipofanywa. Huo muda haubembelezwi. Sasa hesabu: ukingoja miezi mitatu ya kupewa sababu, kisha ukaenda kwa Tume ukakaa huko mwezi na nusu, kisha ukaanza kutafuta wakili, umebakiwa na wiki chache. Ndiyo maana nimesisitiza ule muhuri na zile siku 21.

Mlango wa pili ni ombi la kikatiba, ukidai kwamba haki zako chini ya Vifungu vya 27, 43 au 47 zimevunjwa. Hapa hakuna miezi sita iliyoandikwa, ingawa kuchelewa bila sababu kutakuumiza. Hapa pia ndipo penye amri za muda zenye manufaa. Fikiri vizuri jambo hili: uamuzi wa kukunyima nafasi hauna cha kusimamishwa. Ukipata amri ya "kusimamisha" kutokupewa nafasi, bado huna nafasi. Unachohitaji ni amri ya kuhifadhi hali, inayosema kiti kimoja kiachwe wazi hadi kesi isikizwe, na Kifungu cha 23 cha Katiba kinaitaja amri ya namna hiyo kwa jina. Wakili asiyeliona hilo atakuletea karatasi nzuri isiyo na faida.

Mwaka 2023 Mahakama ya Juu, iliyo juu ya korti zote, ilitoa maelezo yanayosaidia kuchagua kati ya milango hii. Anayeingia kwa ule wa zamani hubaki na maswali ya zamani: je, mamlaka yalikuwepo, utaratibu ulifuatwa, uamuzi ulikuwa wa busara? Anayeingia kwa Katiba anaweza kumwomba jaji atazame pia kiini cha uamuzi kwa kiasi fulani. Kwa mtu aliyebaguliwa, huo mlango wa pili ndio wake. Kwa mtu ambaye lalamiko lake ni kwamba tangazo lilisema hivi na wao wakafanya vile, mlango wa kwanza unatosha na kesi yake huwa nyembamba zaidi, jambo ambalo ni zuri. Lakini ukienda kwa Katiba usiandike tu kwamba "haki zangu zimevunjwa". Tangu kesi ya Anarita Karimi ya 1979, korti hutaka utaje kifungu gani, kilivunjwaje, na nani alikivunja.

Sheria ya 2015 inasema maombi ya mapitio yaamuliwe ndani ya siku 90 baada ya kuwasilishwa. Ni vizuri kuikumbusha korti kifungu hicho. Si vizuri kuyapangia maisha yako tarehe hiyo.

Korti hukupa nini hasa

Nitakaa hapa kidogo, kwa sababu ndipo matumaini mengi huvunjika.

Majaji wa Kenya hawapendi kuendesha vyuo. Mahakama ya Rufaa ilisema hivyo bila kuficha 1990, katika kesi ya wanafunzi na Egerton: korti husita sana kuingilia maamuzi ya vyombo vya ndani vya vyuo, na haina hamu ya kuviongoza. Itaingilia pale palipo na dhuluma ya wazi au utaratibu uliovunjwa. Jaji hatakaa kulinganisha alama zako na za mwenzako na kusema wewe ndiwe mwalimu bora.

Kisha kuna kesi ya 1997 iliyohusu Baraza la Mitihani la Kenya, ambayo hadi leo hutajwa kila panapoombwa amri ya kulazimisha. Mahakama ya Rufaa ilieleza kwamba amri hiyo humlazimisha mtu kutimiza wajibu wa umma aliopewa na sheria, lakini ikiwa sheria imemwachia hiari ya namna ya kuutimiza, korti haiwezi kumwamrisha autimize kwa namna fulani. Ipeleke kanuni hiyo chuoni: korti inaweza kukilazimisha chuo *kulifikiria* ombi lako upya na kwa haki. Mara nyingi haiwezi kukilazimisha *kukukubali*. Umeshinda kesi, uamuzi umefutwa, faili imerudi kwenye meza ileile, na safari hii inawezekana ukakataliwa kwa utaratibu uliofuatwa sawasawa.

Kuna kundi moja ambalo nafasi yake ya kushinda ni bora zaidi: waliokwisha kuitwa. Tofauti kati ya kutoitwa na kuitwa kisha kufukuzwa ni kubwa kisheria. Asiyeitwa alikuwa na tumaini. Aliyeitwa, akalipa karo, akakabidhiwa kitanda, alikuwa na kitu mkononi, na sheria ya 2015 inataka apewe notisi na nafasi ya kujitetea kabla ya kunyang'anywa. Ikiwa alirudishwa langoni siku ya kuripoti bila kusikizwa, hoja yake iko tayari kabla wakili hajafungua daftari.

Lakini hata huyo ana mpaka wake. Mahakama ya Juu, katika kesi ya Royal Media ya 2014, ilisema matarajio halali, yaani tumaini linalojengwa na ahadi ya ofisi ya umma, hayawezi kusimama dhidi ya sheria. Chuo kikikuita kimakosa huku alama yako iko chini ya ile inayotakiwa kisheria, barua ile haikupi haki ya kubaki. Inaweza kukupa haki ya kusikizwa na kudai ulichotumia, basi.

Gharama

Rufaa ya ndani hugharimu nauli na karatasi. Tume ni bure. Korti ndiyo yenye mzigo: wakili, hati za kiapo, na hatari ya kulipa gharama za upande wa pili ukishindwa, kwa kuwa kanuni ya kawaida ni kwamba gharama humfuata aliyeshinda. Katika maombi ya kikatiba yenye maslahi ya umma majaji mara nyingi huacha kila upande ubebe mzigo wake, lakini hiyo ni hisani ya jaji. Asiye na uwezo ana Huduma ya Kitaifa ya Msaada wa Kisheria, iliyoundwa chini ya sheria ya 2016, na vyuo vikuu kadhaa vina vituo vya msaada wa sheria. Kanuni za 2013 za maombi ya haki za kimsingi zinaruhusu hata barua ya kawaida ipokewe kama ombi. Nimtahadharishe msomaji: kupokewa ni jambo moja, na kumkabili wakili wa serikali ukiwa peke yako ni jambo lingine.

Mkiwa wengi mlioathiriwa na kanuni moja, Kifungu cha 22 kinamruhusu mtu mmoja kushtaki kwa niaba ya kundi. Mnagawana gharama na sauti yenu ni nzito. Ila amri ya kundi kwa kawaida hurekebisha kanuni kwa usajili unaokuja. Anayetaka kiti chake mwenyewe mwaka huu ajue hilo kabla ya kuchanga.

Ningechagua nini

Kwa kosa la stakabadhi au la mfumo, rufaa ya ndani, leo, pamoja na barua ya sababu. Sioni hali ambayo ningeanzia kwingine.

Kwa ukimya, yaani umeandika na hakuna anayejibu, nenda kwa Tume siku 21 zikipita. Taja Sheria ya Upatikanaji wa Habari kwa jina ili lalamiko lako lisiingizwe kwenye fungu la malalamiko ya kawaida.

Kwa aliyeitwa kisha akafutwa bila kusikizwa, ningetoa barua moja ya rufaa yenye muda mfupi, tuseme siku saba, na wakati huohuo wakili aandae ombi la kikatiba pamoja na ombi la amri ya kuhifadhi kiti. Ningeomba pia msamaha wa njia za ndani kwa sababu ya tarehe ya masomo. Hapa kungoja Tume ni kumpa mwingine kitanda chako.

Kwa aliyekataliwa kwa sababu ya ujauzito, umri, dini, mavazi au ulemavu, Kifungu cha 27 kinayataja mambo hayo moja baada ya jingine, na kinamkataza mtu binafsi kubagua kama kinavyoikataza Serikali. Kifungu cha 54 nacho kinampa mwenye ulemavu haki ya kuzifikia taasisi za elimu. Huyu ana kesi ya kikatiba, na ni vizuri kuipeleka hata kama mwaka wenyewe utapita, maana watakaokuja nyuma yake wataikuta. Anayepambana na chuo cha kibinafsi naye aingie mlango huohuo, kwani sheria ya 2015 inavigusa vyombo visivyo vya serikali pia pale uamuzi wao unapoathiri haki za mtu.

Anabaki yule ambaye alama yake kweli iko chini ya kiwango. Nasema naye kwa upole, kwa kuwa ndiye anayelipa mawakili wengi bure. Anaweza kushambulia kanuni yenyewe, kwamba ilitungwa bila kushirikisha umma au inabagua maeneo yaliyoachwa nyuma, na hoja hizo si za kuchezewa. Lakini akishinda kiti peke yake bila kanuni kubadilika, mbele yake iko TSC, tume ya kuajiri walimu, ambayo Katiba imeipa kazi ya kusajili walimu na kutazama viwango vya mafunzo yao. Miaka ya chuo na karo yote vinaweza kuishia kwenye dirisha la usajili lisilofunguka. Kabla ya kumlipa wakili, aiandikie TSC aulize kwa maandishi kama atasajiliwa akihitimu kwa alama hiyo. Jibu likiwa hapana, pesa hizo zimlipie kurudia KCSE kama mtahiniwa wa kibinafsi.